Wapathan: Nasaba, Mila na Fungu la Binti

Tarehe 7 Novemba 1857 msafara uliotoka pwani uliingia Kaze, mji ambao leo tunauita Tabora. Mkuu wake alikuwa Mwingereza, Richard Burton, aliyekuwa akiyatafuta maziwa ya bara, na ulinzi wake ulikuwa mikononi mwa askari wa Kibulushi waliotolewa na Sultani wa Unguja, wakiongozwa na jemadari wao. Waarabu wa Kaze, hasa Snay bin Amir, walimkirimu vyema. Jambo lisilosimuliwa sana ni kwamba miaka minne kabla ya hapo, mwaka 1853, mtu huyo huyo aliingia Makka pamoja na mahujaji akijifanya Mwislamu wa Kipathan.

Kwa nini Mpathan? Burton alijisingizia kuwa amezaliwa India kwa wazazi wa Kiafghani, kisha akasomea Rangoon, ili lafudhi yake ikiteleza watu wadhani ni kasoro ya malezi ya ugenini. Hila hiyo ilimfaa kwa kuwa Wapathan walikuwa na jina kubwa, ilhali waliowajua kwa undani walikuwa wachache. Nasi hapa kwetu hatuko mbali na hali hiyo. Jina lao tumelisikia katika habari za vita vya Afghanistan, lakini maisha yao hatuyajui.

Wenyewe hujiita Wapashtuni, au Wapakhtuni kwa matamshi ya upande wa Peshawar; Pathan ni jina walilopewa India. Lugha yao ni Kipashto, yenye udugu na Kiajemi. Nchi yao ya milima ilikatwa vipande viwili na mpaka wa mwaka 1893, ambao Waingereza waliuweka kwa makubaliano na Amiri Abdur Rahman, na hadi leo wako kusini na mashariki ya Afghanistan na kaskazini-magharibi ya Pakistan. Wametoa watawala mashuhuri. Ukoo wa Lodi ulitawala Delhi kuanzia mwaka 1451 hadi 1526, Sher Shah Suri akaitawala kuanzia 1540 hadi 1545, na Ahmad Shah Durrani akasimamisha dola ya Waafghani mwaka 1747.

Hata hivyo, nguvu yao haikuwa katika wafalme bali katika nasaba. Wazee wao husimulia kwamba babu yao, Qais Abdur Rashid, alisafiri hadi Madina akasilimu mbele ya Mtume (S.A.W.). Wanahistoria hawaihesabu habari hiyo kuwa imethibiti, kwani shajara yenyewe iliandikwa katika karne ya 17. Lakini kwa Mpathan shajara ni hati ya shamba lake. Ndiyo inayoeleza nani mshirika wa ardhi ya ukoo na nani ana haki ya kusema katika jirga, yaani baraza ambalo watu huketi kwa duara pasipo kiti cha mkuu.

Mila yao, iitwayo Pashtunwali, ina mambo yanayopendeza mno. Mgeni hukaribishwa katika hujra, nyumba ya wageni ya ukoo au kijiji, asijue kama mwenyeji wake anacho au hana. Hata hasimu akiingia nyumbani kuomba hifadhi na msamaha, mwenye nyumba hujiona amefungwa na heshima yake kumpokea. Kitendo hicho huitwa nanawatai.

Ama kuhusu upande wa pili, neno moja latosha kuueleza. Mtoto wa baba mkubwa au baba mdogo kwa Kipashto ni tarbur, na neno hilo hilo hubeba maana ya mshindani. Sababu yake ni mirathi, kwani watoto wa ndugu wawili hugawana shamba la babu mmoja. Kutoka hapo huzaliwa badal, kisasi kinachorithiwa kama mali. Na ili shamba lisihamie ukoo mwingine kwa njia ya ndoa, koo nyingi ziliwanyima mabinti fungu walilowekewa na Mwenyezi Mungu katika Suratun Nisaa. Watu wale wale waliojifaharisha kwamba babu yao alisilimu Madina waliiweka mila mbele ya faradhi. Mwaka 1935 jimbo la Peshawar lilipata sheria iliyoamuru mambo ya mirathi ya Waislamu, pamoja na haki ya wanawake, yaamuliwe kwa sharia wala si kwa mila. Desturi ya kumtoa binti kuwa fidia ya damu iliyomwagwa na jamaa yake, iitwayo swara, ilipigwa marufuku tena na sheria ya Pakistan ya mwaka 2011.

Walitokea pia wao kwa wao waliotaka mageuzi. Abdul Ghaffar Khan, aliyefariki mwaka 1988, aliunda mwaka 1929 jumuiya ya Khudai Khidmatgar, maana yake watumishi wa Mungu, ambayo wanachama wake waliapa kuacha kisasi na kutotumia nguvu. Kuwafunga kwa kiapo kama hicho watu waliolelewa na bunduki mkononi hakukuwa jambo dogo.

Turudi sasa kwa askari wa msafara. Wabulushi ni jirani wa Wapathan, lakini kabila lao limejengwa vingine. Mtaalamu wa Norway, Fredrik Barth, aliandika mwaka 1969 kwamba Mpathan huhesabiwa kwa nasaba ya baba, hivyo mgeni hawezi kuwa sawa naye. Mbulushi huhesabiwa kwa utii wake kwa mkuu wa kabila, hivyo mgeni anayekubali utii huo hupokelewa. Ndiyo maana mpakani kwao Wapathan waligeuka Wabulushi, wala si kinyume chake. Wabulushi walikuja kwetu kutoka Makran, wengi wao kwa kuwa bandari ya Gwadar ilikuwa chini ya Oman tangu 1783 hadi ilipouzwa kwa Pakistan mwaka 1958. Vita vya Mirambo vilipozuka mwaka 1871, Sultani Barghash alituma tena askari Tabora, nao Wabulushi wakiwemo. Mombasa wana msikiti wenye jina lao. Huku bara hawakusimamisha kabila.

Ndugu zetu wa Chemchem na mitaa mingine ya Tabora wasidhani kwamba habari ya mabinti wa Peshawar iko mbali nao. Tamko la sheria za mila la mwaka 1963, lililohusu makabila yanayofuata ukoo wa baba, liliwaweka mabinti daraja la tatu la urithi. Baba Mwislamu akifariki, wana wakadai mila na mabinti wakadai sharia, mahakama hutazama nini alichokusudia marehemu kwa kauli yake, kwa maandishi yake, au kwa mwenendo wa maisha yake. Kuswali Ijumaa maisha yake yote kunaweza kuhesabiwa, lakini kunahitaji mashahidi. Karatasi yenye saini yake, inayotamka kwamba mali yake igawiwe kwa sharia ya Kiislamu, huwapunguzia mabinti kazi ya kusimama mbele ya hakimu kueleza jinsi baba yao alivyoishi.