Mtoto wa pekee: mama aliuza nyumba juu ya masomo

Wazazi wa Goma wanajua hesabu hii. Masomo ya msingi katika shule za serikali yalitangazwa kuwa ya bure tangu Septemba 2019, lakini mtoto akiingia sekondari, minervali inamngojea mlangoni. Sinema moja ya Ujapani ya mwaka 1936 inaanzia palepale. Inaitwa «Hitori musuko», maana yake Mtoto wa pekee, na ndiyo sinema ndefu ya kwanza ya hadithi ambamo mtengenezaji Yasujiro Ozu aliwasikilizisha watu wakisema. Mbele ya hapo alitengeneza za kimya.

Mwaka 1923, Tsune ni mjane, anafanya kazi kwenye kiwanda cha hariri. Mtoto wake Ryosuke, bila kuuliza nyumbani, amemwambia mwalimu kwamba ataendelea na masomo. Mwalimu anakuja kumpongeza mama. Aibu! Mama anampiga mtoto kofi, kisha anakata shauri: asome tu, awe mtu mkubwa.

Miaka 13 inapita, mama anapanda treni kwenda Tokyo. Kumbe Ryosuke anafundisha shule ya usiku, mshahara kidogo, ana bibi na mtoto mchanga, na mama hakuambiwa lolote. Hata yule mwalimu, aliyekwenda mjini kutafuta maisha, sasa anakaanga nyama ya nguruwe ya kuuza.

Ryosuke anakopa feza kwa wenzake ili amtembeze mama. Anampeleka kuona sinema ya Kijerumani yenye sauti, mama anasinzia. (Ozu naye alikuwa na utani.) Mwishoni mama anasema: nyumba na mashamba vyote viliuzwa juu ya masomo, leo analala kwenye nyumba ya wafanyakazi.

Ni rahisi kumwita Ryosuke mvivu. Lakini baada ya mgogoro wa uchumi wa 1929, Marekani, iliyonunua hariri nyingi ya Ujapani, ilipunguza kununua, na wenye diplome walikosa kazi Tokyo. Vijana wetu wenye diplome wanaoendesha pikipiki hawahitaji maelezo zaidi.

Bibi yake anauza kimono yake ili mama atembezwe tena. Siku hiyohiyo mtoto wa jirani anapigwa teke na farasi, na mama yake hana kitu. Ryosuke anampa feza yote. Tsune anasema hiyo ndiyo zawadi bora atakayorudi nayo.

Kiwandani anamwambia rafiki yake kwamba mtoto wake amekuwa mtu mkubwa. Kisha anatoka nje, peke yake, anakaa chini.