Kutoka "Kafie Mbali" Hadi Kizimbani: Utangulizi

Aliyekulia nyumba za kupakana kuta anayajua maneno haya: "Kafie mbali huko!" Mke humwambia mume, mume humwambia mke, na jioni hiyohiyo utawakuta wanakula sahani moja. India nako maneno ya aina hiyo yapo tele. Mara nyingine huishia mahakamani, kwa sababu jioni ilipofika aliyeambiwa hakuwapo tena. Je, aliyeyatamka amemshawishi mwenzake kujiua? Ndilo swali linalotukusanya humu, na ninakukaribisha ulitazame kwa utulivu, maana magazeti hayalitazami hivyo.

Vifungu kwanza. Kanuni ya Adhabu ya India ya 1860, ambayo rasimu yake ilitokana na kazi ya Thomas Macaulay, iliweka kifungu cha 306: anayemshawishi mtu kujiua anaweza kufungwa hadi miaka 10 na kutozwa faini. Tarehe 1 Julai 2024 kanuni hiyo iliipisha Bharatiya Nyaya Sanhita, na shtaka likahamia kifungu cha 108. Hukumu utakazosoma nyingi zinataja namba ya zamani, nami nitaitumia hiyo. Kushawishi kwenyewe kuna njia tatu: kuchochea, kula njama, au kusaidia kwa makusudi. Kesi za ndoa karibu zote zinagombania hilo la kwanza. (Sisi si wageni hapa: Kenya, Uganda na Tanganyika zilitumia kanuni hiyohiyo ya India hadi 1930.)

Sasa ndoa. Msomaji wa Kiswahili aanze kwa kugeuza picha kichwani, kwani India mali ya ndoa hutoka kwa wazazi wa binti kwenda kwa mume na wakwe. Sheria iliipiga marufuku mwaka 1961, lakini madai hayakuisha. Mwaka 1983 Bunge lilitunga kifungu cha 498A, kinachoadhibu ukatili wa mume au jamaa zake dhidi ya mke. Pamoja nacho likaongeza kanuni ya ushahidi, 113A: mke akijiua ndani ya miaka 7 ya ndoa, na ukatili ukathibitika, mahakama inaweza kudhania kwamba mume au jamaa zake walimshawishi. Soma tena neno "inaweza". Miaka mitatu baadaye kikaja kifungu kingine, cha kifo kinachotokana na madai ya mali ya ndoa, na huko dhana ni ya lazima. Wanaoanza huzichanganya hizi mbili kila mwaka, na nimewahi kuona hata mawakili wakizichanganya.

Hukumu ya kuanzia ni ya Mahakama ya Juu ya mwaka 2001, iliyoandikwa na Jaji R. C. Lahoti. Wanandoa waligombana, mume akamwambia mkewe kwamba yuko huru kufanya atakalo na kwenda atakako. Mke akajitoa uhai. Mahakama za chini zilimtia mume hatiani. Jaji Lahoti akasema neno lililotoka kwa hasira, bila msemaji kukusudia litimie, si uchochezi. Ukatili mahakama iliuona, na hatia ya 498A ikabaki. Shtaka la kushawishi lilianguka hata hivyo, kwa kuwa dhana ya miaka 7 humtaka jaji apime mazingira yote, haimfungi mikono.

Mwaka uliofuata zamu ilikuwa ya mwanamume. Alikuwa na mgogoro na mkewe, na katika ugomvi shemeji yake, kaka wa mke, akadaiwa kumwambia aende akafe. Alikufa siku mbili baadaye. Mahakama ilizihesabu hizo siku mbili: alikuwa na muda wa kutulia na kufikiri, hivyo maneno ya ugomvi na kifo havikuungana. Shtaka likafutwa hata kabla ya ushahidi kusikilizwa.

Kisha njoo jimbo la Gujarat, hukumu ya Desemba 2024. Ndoa ya mwaka 2009, kifo cha 2021. Dhahabu ya mke, mali yake mwenyewe, ilidaiwa kuuzwa na upande wa mume, na alipoidai akateswa. Miaka 12 imepita, dhana ya miaka 7 haipo tena. Mahakama ya Juu ilisema hapakuwa na tendo la karibu na kifo lililomsukuma, ikawaondolea washtakiwa kifungu cha 306. Lakini kesi ya ukatili ikaamriwa iendelee. Ukikuta kichwa cha habari kinachosema familia "imesafishwa", tafuta aya ya tano au ya sita, huko ndiko shtaka lililobaki hufichwa.

Mimi nina upande wangu, na ni haki uujue mapema. Ninaafiki masharti ya nia na ukaribu. Nimesoma hati zilizomweka kizimbani wifi aliyeishi mji mwingine na mama mkwe asiyetajwa tendo hata moja, na mtu kama huyo huanza kutumikia adhabu siku anayokamatwa. Kinachonikera ni kipimo cha "mikwaruzo ya kawaida ya nyumbani", ambacho mahakama imekuwa ikikitumia tangu miaka ya 1990. Kawaida ya nani? Mateso ya pole pole, yasiyo na siku ya kilele, hayana mahali pazuri katika sheria inayotafuta tendo la mwisho. Wenzangu kadhaa wanaona sina hoja, na sura zao zimo humu.

Ukianza kusoma, chukua penseli. Katika kila hukumu andika pembeni tarehe mbili: ya tendo la mwisho linalodaiwa, na ya kifo. Ya pili utaipata upesi. Ya kwanza, katika hati nyingi za mashtaka nilizosoma, haimo.