Dawa ya Simba na Mabega Yaliyoibeba

Iwapo siku moja utabahatika kusimama mbele ya bunduki ya Winchester ya muundo wa mwaka 1895, usikimbilie kuutazama mtutu. Tazama chini ya kifyatulio. Hapo utaona kitanzi cha chuma ambamo vidole vitatu vya mpigaji hupita. Hicho ndicho wenzo, na ndicho kilichoipa bunduki hii sifa.

Mpigaji akishafyatua, huusukuma wenzo chini na mbele. Ganda la risasi iliyokwisha huruka nje na nyundo hujivuta nyuma. Papo hapo springi huinua risasi nyingine kutoka kisandukuni. Wenzo ukirudishwa, risasi hiyo huingia chemba na mlango hujifunga. Kazi yote ni ya mkono mmoja, wala bunduki haihitaji kuondoka begani. Katika bunduki hii hata kifyatulio hushuka pamoja na wenzo, jambo linalomshangaza anayeishika kwa mara ya kwanza. Simba aliyejeruhiwa akija mbio humaliza mita 100 kwa sekunde chache tu, na risasi ya pili ikichelewa hakuna wa kuirudisha saa nyuma.

Aliyeibuni ni fundi wa Kimarekani, John Browning. Bunduki za wenzo zilizotangulia zilipanga risasi katika bomba chini ya mtutu, moja nyuma ya nyingine. Kwa hiyo ncha zilipaswa kuwa butu, kwani ncha kali ingeweza kugonga fataki ya risasi iliyo mbele na kuilipua. Browning aliliacha bomba akaweka kisanduku mbele ya kifyatulio, na risasi zikalala moja juu ya nyingine. Ni badiliko dogo kwa macho, lakini kwa risasi zenye ncha kali za baruti isiyo na moshi lilikuwa mlango mpya. Katika Vita Kuu ya Kwanza Urusi ilinunua bunduki hizi karibu 300,000 kwa majeshi yake.

Ya kuwindia wanyama wakubwa ilitumia risasi iitwayo .405, iliyotolewa mwaka 1904, yenye uzito wa karibu gramu 20. Raha ya kuipiga ina gharama yake. Kitako chake ni chembamba, na mwisho wake umevikwa chuma kilichopinda kama mwezi mwandamo. Chuma hicho hupiga teke ambalo bega halilisahau upesi. Mwenye busara hukikaza begani kwanza, ndipo akafyatua.

Bunduki hii ilifika kwetu Afrika Mashariki kwa kishindo. Mwezi Aprili 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka tu katika urais wa Marekani, alishuka Mombasa pamoja na mwanawe Kermit, akapanda reli kuelekea uwanda wa Kapiti. Kwa tembo na kifaru alikuwa na bunduki ya mitutu miwili ya Holland & Holland, zawadi ya Waingereza. Kwa simba alishika Winchester ya .405, akaisifu kuwa ndiyo dawa yao. Hadi walipofika Khartoum mwezi Machi 1910, baba na mwana walikuwa wameua wanyama zaidi ya 500, wengi wakiwa wa kupelekwa katika jumba la makumbusho la Smithsonian.

Lakini bunduki yenye uzito wa karibu kilo 4 haitembei yenyewe katika jua la nyika. Nyuma ya Roosevelt walikuwapo Muhamed na Bakari. Nyuma ya Kermit alikuwapo Juma Yohari, Mswahili. Kazi yao haikuwa upagazi mtupu. Mbeba bunduki alipaswa kumwona mnyama kabla ya bwana wake, kuiweka silaha mkononi mwake kwa wakati, na kusimama pale pale simba anapokuja. Nyuma yao tena walikuja wapagazi wapatao 200 na mizigo yao, ikiwamo tani 4 za chumvi ya kuhifadhia ngozi. Wasafiri hao waliwapa wageni majina: baba aliitwa Bwana Mkubwa, na kijana aliishia kuwa Bwana Maridadi. Ulimi wa mpagazi haukuwa na mzigo!

Ajabu iliyopo ni kwamba wajuzi hao wa nyika hawakuwa na haki ya kuwinda kama mgeni wao. Leseni ya mwindaji mgeni iligharimu pauni 50, fedha ambayo mpagazi hangeweza kuiota. Mwenyeji aliyetega mtego ili watoto wapate kitoweo aliitwa jangili.

Baadaye Winchester ya 1895 iliundwa upya katika viwanda vya Miroku, huko Japani, kwa ajili ya wapenzi wa silaha za kale. Zimetolewa pia za ukumbusho zenye jina la Roosevelt. Yenye jina la Juma Yohari bado haijatengenezwa.