Hofu ya Kukata Shauri



Masomo ya Dominika hii ya 23, Mwaka C, yanaonekana kana kwamba yanapingana. Kitabu cha Hekima kinatufundisha kwamba fikira za binadamu ni dhaifu na mipango yetu haina hakika. Kisha katika Injili ya Mtakatifu Luka, sura ya 14, Bwana wetu anatusimulia habari za mtu atakaye kujenga mnara: yampasa kwanza aketi na kuhesabu gharama, asije akaishia kwenye msingi na kuchekwa na watu. Somo moja latukumbusha kuwa mipango haina hakika, na jingine latuagiza kupanga. Je, tushike lipi?

Wengi wetu tumeshika la kwanza peke yake, tena kwa namna isiyo sahihi. Miaka kadhaa iliyopita kijana mmoja wa parokia tuliyokuwa tukiihudumia alitujia. Alikuwa amemchumbia binti kwa miaka sita. Mahari ilikwisha kutolewa, kazi alikuwa nayo, na nyumba ya vyumba viwili alikuwa ameiezeka. Tulipomwuliza juu ya siku ya ndoa, alijibu, "Baba, bado ninasubiri Mungu anionyeshe kama huyu ndiye aliyenikusudia." Nasi tukamwambia, "Vema, mwanangu, endelea kusali." Tulidhani tumetoa shauri la kichungaji. Mwaka uliofuata yule binti alikuja peke yake, akasema kwa utulivu, "Baba, yeye anamsubiri Mungu, nami ninamsubiri yeye. Je, miaka yangu ni ya nani?" Hatukuwa na jibu. Swali lile tumelibeba hadi leo.

Hofu hii ya kukata shauri yatoka wapi? Kwanza, kuchagua ni kuacha. Anayefunga ndoa na mmoja amewaacha wengine wote; anayeanza ufundi seremala ameacha biashara aliyoiwaza. Asiyechagua hujiona bado anavyo vyote, kumbe hana hata kimoja. Pili, tuna wazo potofu juu ya kusudi la maisha. Twadhani Mungu ameficha njia moja tu kwa kila mtu, kama mtu afichaye ufunguo, na kwamba atakayeikosa amepotea. Basi twakaa kungoja ishara.

Ndugu wapendwa, kusudi la maisha yetu halikufichwa. Tulilijifunza utotoni katika Katekisimu: tumeumbwa ili tumjue Mungu, tumpende, tumtumikie, na hatimaye tufike kwake. Huo ndio mwisho wa safari, na tumekwisha kuambiwa. Mipango ni njia tu za kufikia mwisho huo, nayo Mungu ametuachia tuifanye kwa akili aliyotupa, kwa sala na kwa mashauri ya wenye hekima.

Tumtazame Mtakatifu Inyasi wa Loyola, aliyeshika sana tofauti hii. Tarehe 15 Agosti 1534, juu ya kilima cha Montmartre mjini Paris, yeye na wenzake sita waliweka nadhiri ya kwenda Yerusalemu. Shauri lao lilikuwa wazi, wala halikuwa la kiburi, kwa maana waliongeza jambo moja: wakingoja mwaka mzima na safari ikashindikana, watajiweka mikononi mwa Baba Mtakatifu, awatume apendako. Mwaka 1537 walikuwa Venice wakingoja meli, lakini vita kati ya Venice na Waturuki vilifunga njia. Mwaka 1538 wakajitoa kwa Papa Paulo wa Tatu, naye mwaka 1540 akaliidhinisha Shirika la Yesu. Yerusalemu hawakufika pamoja. Kusudi lao la kumtumikia Mungu halikupotea hata kidogo.

Mmoja wa wale saba alikuwa Fransisko Ksaveri. Hata safari ya kwenda India hakupangiwa yeye. Mwenzake aliyeteuliwa aliugua, naye akachukua nafasi yake kwa taarifa fupi mno. Aliondoka Lisbon mwaka 1541, na mwaka 1542 meli yake ilitia nanga Malindi, katika pwani yetu hii, kabla ya kufika Goa. Mtu aliyeazimia kwenda Yerusalemu alijikuta Malindi! Je, mpango wake wa kwanza ulikuwa kosa? La hasha. Ndio uliomtoa nyumbani.

Watu wa pwani hawahitaji kuelezwa jambo hili. Usukani hufanya kazi chombo kikiwa mwendoni. Jahazi lililotia nanga bandarini, nahodha akiuzungusha usukani siku nzima, haliendi popote. Vivyo hivyo Mungu hutuongoza tukiwa njiani. Anaweza kuugeuza mpango wetu; lakini asiye na mpango amemnyima hata kitu cha kugeuza.

Lakini je, Mtume Yakobo hakutufundisha kusema, "Mungu akipenda"? Ndiyo, alitufundisha. Aliwakemea wafanyabiashara waliojigamba kana kwamba kesho ni mali yao. Hakuwakataza kusafiri. Maneno hayo yanapaswa kufuata shauri lililokatwa: "Tutafunga ndoa mwezi wa nane, Mungu akipenda." Tukiyasema mahali pa shauri, tumelifanya jina la Mungu pazia la woga wetu.

Inyasi ametuachia pia misaada kwa anayesitasita. Jiweke katika saa ya kufa kwako, ujiulize ungependa uwe umechagua lipi. Au mfikirie mtu usiyemjua, mwenye shida kama yako: ungempa shauri gani? Basi lifuate wewe mwenyewe. Na ukiisha kukata shauri katika utulivu, usilibadili siku moyo unapoingiwa na giza.

Yule binti hakungoja tena, wala hatuwezi kumlaumu. Tunajilaumu sisi, kwa kuwa siku ile tulipaswa kumwambia kijana: "Mwanangu, umesali vya kutosha, sasa keti uhesabu gharama, kisha utaje siku." Juma hili, kila mmoja wetu achukue jambo moja alilolisogeza mbele kwa muda mrefu, alipigie hesabu mbele ya Mungu, na kulitajia tarehe. Tena atazame ni nani aliye nje ya mlango wake akingoja jibu lake.

Bwana atujalie akili ya kupanga, moyo wa kuanza, na unyenyekevu wa kugeuzwa njiani. Amina.