Siri ya mashine mpya ya gemu kuikubali au kuikataa kaseti kuukuu

KASETI yenyewe ilikuwa ya rangi ya kijivu, nyembamba, isiyozidi kiganja cha mtoto, na ilikuwa imelala ndani ya kasha la viatu kwa zaidi ya miaka 20.

Dada yangu alirejea nayo kutoka Uingereza mwanzoni mwa miaka ya 1990, pamoja na mashine yake ya Game Boy. Mashine hiyo ilikufa zamani kwa uzembe wetu wenyewe: tuliiacha kabatini na betri zikiwa ndani, zikavuja na kuvila vyuma vyake. Kaseti ya mchezo wa Tetris ikabaki haina mwenyeji.

Mwanawe alipoiona wakati wa likizo, aliikimbilia mashine yake ya Nintendo DS Lite, aliyoinunua kwa mtumba, akajaribu kuisukuma ndani. “Mjomba, haiingii,” akaniambia, “na tundu lipo!”

Tundu lilikuwapo kweli. Siku chache baadaye rafiki yake alimwazima Game Boy Advance SP, mashine iliyotangulia kutengenezwa kabla ya ile yake. Kaseti ikaingia, mlio ukasikika, na vigae vya Tetris vikaanza kudondoka kana kwamba havijawahi kupumzika.

Je, ilikuwaje mashine ya mwaka 2003 iikubali kaseti ambayo ile ya mwaka 2006 iliikataa? Kijana alidhani ni suala la umbo la tundu. Ukweli ni kwamba umbo ni mlango tu. Jambo kubwa ni nani anayekaa nyuma ya mlango huo.

Lugha ya mashine

Kaseti ya gemu haifanani na kanda ya muziki. Ndani yake hamna utepe, bali kuna ubao mdogo wenye chipu, na ndani ya chipu hiyo yameandikwa maagizo ya mchezo mzima.

Maagizo hayo huandikwa kwa lugha ya prosesa maalumu, yaani ile chipu iliyo ubongo wa mashine. Prosesa ya aina nyingine ikipewa maagizo hayo hayo, huwa kama mtu aliyepokea barua iliyoandikwa kwa lugha asiyoijua. Barua ni nzima na wino haujafutika, lakini hakuna wa kuisoma.

Game Boy ya kwanza iliuzwa Japani kuanzia Aprili 21, 1989. Kundi lililoibuni katika kampuni ya Nintendo liliongozwa na Gunpei Yokoi, mhandisi aliyeamini kwamba teknolojia ya bei nafuu iliyokwisha kuzoeleka yaweza kuzaa jambo jipya ikitumiwa kwa busara.

Ndiyo maana haikuwa na rangi. Kioo chake kilikuwa na nukta 160 kwa 144 na vivuli vinne tu. Prosesa yake, iliyotengenezwa na kampuni ya Sharp, ilikuwa ya biti 8, nayo mashine ilitumia betri nne ndogo za AA. Pamoja na ile ya rangi iliyoifuata, mashine hizo ziliuzwa zaidi ya milioni 118 kote duniani.

Kwa hivyo, mamilioni ya nyumba yalikuwa na kaseti kabatini. Kampuni ilipotaka kuuza mashine mpya, ilikabiliwa na swali zito: je, mnunuzi aambiwe atupe kila alichokuwa nacho?

Ubongo wa zamani haukutupwa

Jibu la kwanza lilitolewa mwaka 1998 kupitia Game Boy Color. Prosesa ilibaki kuwa ya ukoo ule ule, ila iliweza kukimbia kwa kasi maradufu. Ikipewa kaseti ya zamani, ilirudi katika mwendo wa zamani.

Tena, iliipaka rangi kaseti ambayo haikuwahi kuwa na rangi. Mashine ilisoma jina la mchezo lililoandikwa ndani ya chipu, kisha ikachagua rangi zilizotayarishwa kwa ajili ya mchezo huo. Kwa michezo isiyoitambua, ilitumia rangi za jumla, na mchezaji aliweza kuchagua nyingine kwa kubonyeza vitufe wakati wa kuwasha.

Upande wa pili, waundaji walihakikisha kwamba kaseti mpya zisizoweza kuchezwa kwenye mashine ya zamani haziiwashi kabisa. Kaseti za kijivu zilikuwa na pengo dogo kwenye kona. Swichi ya kuwashia Game Boy ya kwanza ilisukuma kijiti kilichoingia katika pengo hilo. Kaseti zilizotengenezewa rangi pekee hazikuwa na pengo; kijiti kiligonga plastiki na swichi ikakataa kusogea.

Kazi ngumu zaidi ilikuja mwaka 2001, ilipotoka Game Boy Advance. Safari hii prosesa ilibadilika kabisa, ikawa ya biti 32 na ya ukoo wa ARM. Lugha yake haikuwa ile ya mwaka 1989.

Wahandisi hawakujaribu kuifundisha prosesa mpya lugha ya zamani. Walichofanya ni kuiweka prosesa ya zamani pia, zote mbili ndani ya chipu moja. Moja ikifanya kazi, nyingine hunyamaza.

Mashine ilijuaje ni ipi iamshwe? Ndani ya tundu kuna swichi ndogo. Kaseti za zamani zina umbo linaloibonyeza, na zile mpya zimechongwa ili zisiiguse.

Swichi hiyo ina kazi nyingine muhimu. Kaseti za zamani zinahitaji umeme wa volti 5, ilhali zile za Game Boy Advance hutumia volti 3.3. Kwa hivyo umbo la plastiki ndilo linaloiambia mashine itoe umeme kiasi gani na ni ubongo upi uamke.

Hata picha haikusahauliwa. Kioo kipya kilikuwa na nukta 240 kwa 160, hivyo mchezo wa zamani ulionekana katikati ukiwa na pambizo nyeusi. Mchezaji aliyetaka kuujaza upana wa kioo alibonyeza vitufe vya L na R, japo picha ilinenepa kidogo.

Hata hivyo, ukarimu huo ulikuwa na mipaka. Game Boy Color ilikuwa na jicho la mionzi ya kuwasiliana na mashine nyingine bila waya. Game Boy Advance haikuwekewa jicho hilo, na sehemu za michezo zilizolitegemea zikabaki bubu.

Mlango ulipofungwa

Sasa tunaweza kumjibu mpwa wangu. Nintendo DS, iliyoanza kuuzwa mwishoni mwa mwaka 2004, ilikuwa na matundu mawili: moja la kadi zake yenyewe, jingine la kaseti za Game Boy Advance. Ilikuwa na prosesa mbili za ukoo wa ARM, na moja kati yake iliweza kupunguza mwendo na kuendesha michezo ya Game Boy Advance.

Lakini ule ubongo wa biti 8 haukuwamo tena. DS Lite ya mwaka 2006 ilifuata mpango huo huo. Tundu alilolionyesha kijana lilikuwa la kizazi kimoja nyuma, si viwili.

Mwaka 2008 ilitoka DSi, na tundu la pili likaondolewa kabisa. Nintendo 3DS ya mwaka 2011 ikazipokea kadi za DS, bali si kaseti za Game Boy Advance. Switch ya mwaka 2017 haikupokea chochote cha waliotangulia.

Switch 2, iliyotoka Juni 5, 2025, imerudia desturi ya kupokea kadi za mtangulizi wake, ila kwa njia tofauti. Haina ubongo wa Switch ndani yake. Huyatafsiri maagizo ya mchezo wakati unapochezwa. Ndiyo sababu mingi hukubali, na michache huleta matatizo.

Mtu anayetaka kucheza kaseti za miaka ya 1990 leo ana njia chache. Anaweza kutafuta Game Boy Color, Game Boy Advance au SP iliyotumika. SP ina faida ya betri ya kuchajiwa na taa ya kioo. Ajihadhari asinunue Game Boy Micro ya mwaka 2005, kwani jina ni la ukoo lakini kaseti za biti 8 haizipokei.

Aidha, kampuni nyingine, Analogue, ilianza mwaka 2021 kutoa mashine iitwayo Analogue Pocket. Hiyo ina chipu inayoweza kupangwa upya ndani yake ili itende kama saketi za zamani, na huzipokea kaseti za vizazi vyote vitatu vya Game Boy.

Utunzaji wa kaseti

Kaseti ikikataa kuwaka, aghalabu kosa huwa ni uchafu kwenye vijino vyake vya chuma. Game Boy ya kwanza ilipowashwa ililinganisha nembo ya kampuni iliyo ndani ya kaseti na ile iliyo ndani ya mashine yenyewe. Zisipofanana, haikuendelea. Nembo iliyoonekana imevurugika, au kibamba cheusi mahali pake, ilikuwa dalili kwamba kaseti haisomeki vizuri.

Wengi wetu tulizoea kuipuliza kwa mdomo. Hilo si jema, kwa kuwa pumzi ina unyevu, na unyevu huleta kutu. Tumia kijiti cha pamba kilicholoweshwa spiriti kidogo, pangusa vijino, kisha uache vikauke kabla ya kuirudisha ndani.

Jambo la pili ni betri. Kaseti nyingi zinazohifadhi maendeleo ya mchezaji, zikiwemo zile za kwanza za Pokémon, zina betri ndogo ya duara kama ya saa. Ikiisha, mchezo wenyewe haufi, kwani umechapwa ndani ya chipu. Kinachopotea ni safari ya mchezaji: majina aliyoyatunga na hatua alizofika.

Betri hiyo yaweza kubadilishwa na fundi mwenye kisu cha risasi, lakini akiitoa bila kuandaa chombo cha kunakili kumbukumbu kwanza, kila kilichohifadhiwa kitatoweka. Tetris ya dada yangu haina betri ya namna hiyo. Ndiyo maana ilirejea ikiwa vile vile.

Mali ya nani?

Huenda msomaji akauliza, ya nini kuhangaikia vitu vya kuchezea? Jibu ni kwamba hapa tunajifunza jambo kuhusu kila kifaa tununuacho. Wakenya walioona televisheni zao zikigeuka kiza mwaka 2015, matangazo ya analogi yalipozimwa, wanaijua hali hii: kifaa ni kizima, lakini hakuna wa kusema nacho mpaka king'amuzi kinunuliwe.

Kaseti ya mwaka 1989 humhitaji mwenyeji tu. Haiombi idhini wala mtandao. Kinyume chake, duka la intaneti la 3DS lilisitisha mauzo Machi 2023, na michezo kadhaa iliyouzwa humo pekee haina tena mahali pa kununuliwa kwa njia ya kawaida.

Baadhi ya kadi za Switch 2 zimekwenda mbali zaidi. Hazina mchezo ndani yake, bali ufunguo tu. Mchezo wenyewe hupakuliwa kutoka intaneti. Kadi kama hiyo, ikipatikana ndani ya kasha la viatu baada ya miaka 30, itakuwa na thamani ikiwa tu kuna mtu upande wa pili anayeendelea kuitikia hodi.

Kwa hivyo, kabla ya kununua, uliza maswali mawili: je, mashine hii inapokea nilicho nacho, na je, ninachonunua leo kimo ndani ya kadi au kiko kwingine? Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao.

Mpwa wangu aliirudisha SP ya watu, na sasa anaweka akiba anunue ya kwake. Kaseti hakuirudisha kwenye kasha la viatu. Ameiweka mezani, karibu na vitabu vyake, ikimsubiri mwenyeji.