Pamba ya Msumbiji na Mizani ya Bariadi

Historia ya Msumbiji husimuliwa kwetu mara nyingi kwa habari za bunduki: FRELIMO kuundwa Dar es Salaam tarehe 25 Juni 1962, risasi ya kwanza kulia huko Chai tarehe 25 Septemba 1964, na uhuru kupatikana tarehe 25 Juni 1975. Habari hizo ni za kweli na zastahili heshima. Lakini leo twapenda kuisimulia historia hiyo kwa njia ambayo mkulima wa Bariadi, wa Itilima, wa Maswa, wa Meatu na wa Busega ataifahamu bila mkalimani. Twapenda kuisimulia kwa pamba.

Wareno walifika pwani ya Msumbiji pamoja na Vasco da Gama mwaka 1498, na mwaka 1505 walijenga ngome Sofala, wakiitamani dhahabu ya bara. Kwa karne karibu nne utawala wao haukuvuka sana pwani na bonde la mto Zambezi. Mataifa ya Ulaya yalipokwisha kugawana Afrika katika mkutano wa Berlin wa 1884 na 1885, ndipo Ureno ilipoazimia kuitawala nchi yote. Lakini Ureno yenyewe ilikuwa maskini. Basi ilikodisha sehemu kubwa za koloni kwa makampuni, kama mtu akodishavyo shamba pamoja na watu waliomo. Kampuni ya Niassa, iliyopewa nchi iliyo ng'ambo ya mto Ruvuma, ilitoza kodi na kutumikisha watu hadi mwaka 1929. Wengi walivuka mto wakaja kwetu, na mikono yao ikakata mkonge katika mashamba ya Tanganyika.

Kisha ikaja pamba. Viwanda vya nguo vya Ureno vilitaka pamba ya bei rahisi, isiyonunuliwa kwa fedha za kigeni. Amri ya kwanza ya kulimisha watu pamba kwa nguvu ilitolewa mwaka 1926, na mwaka 1938 serikali ya Salazar ikaunda bodi ya kuusimamia mpango huo kwa ukali zaidi. Kila kampuni ilipewa eneo lake. Mkulima aliyekuwa ndani ya eneo hilo alipimiwa shamba, akapewa mbegu, na mwisho wa msimu hakuwa na ruhusa ya kumwuzia mtu mwingine yeyote. Bei iliwekwa na serikali, nayo ilikuwa chini ya bei ya dunia. Katika miaka ya 1940 zaidi ya watu laki saba walikuwa wamefungwa katika kongwa hilo. Aliyechelewa kupalilia alipigwa kiboko, au viganja vyake vilipigwa kwa kibao chenye matundu. Mkaidi alipelekwa kazi ya shokoa, ambayo wenyewe waliiita chibalo.

Mkulima yeyote wa Simiyu ajua kuwa pamba haingoji. Wakati pamba yataka jembe, mtama nao walitaka. Huko Msumbiji chaguo halikuwa la mkulima. Watu waliacha mtama wakapanda mihogo, kwa kuwa yahitaji kazi kidogo, na njaa ikaingia nyumba ambazo zamani zilikuwa na maghala. Askofu wa Beira, Sebastião Soares de Resende, ambaye ni Mreno, hakuvumilia kunyamaza; aliulaumu mpango huo waziwazi. Nao wakulima walikuwa na silaha yao ya kimya. Katika vijiji vingi wanawake walizipika mbegu kabla ya kuzipanda, ili zisiote, na msimamizi aambiwe kwamba ardhi ile haifai pamba.

Usukumani, katika miaka hiyohiyo, Waingereza nao walitaka pamba. Tusiwapambe: walikuwa na sheria zao za kulazimisha, na faini juu yake, na wazee wetu walizichukia. Lakini palikuwa na mwanya, na wakulima wakaupenya. Waliona kwamba wanapunjwa kwenye mizani ya wanunuzi, basi mwanzoni mwa miaka ya 1950 wakaweka watu wao wenyewe wa kuangalia uzito. Kutokana na jicho hilo kwenye mizani vikazaliwa vyama vya ushirika, na mwaka 1955 likaundwa shirikisho la Victoria Federation, Paul Bomani akiwa kiongozi. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 pamba yote ya Jimbo la Ziwa ilipita mikononi mwa wakulima wenyewe. TANU ilipozuiwa katika Jimbo hilo kuanzia 1954 hadi 1958, vyama hivyo ndivyo vilivyokuwa shule ya watu ya kujitawala.

Wamakonde wa Mueda walijaribu jambo lilelile. Mwaka 1957 Lázaro Nkavandame alianzisha chama cha wakulima wa pamba wa hiari. Kijana mmoja aliyefanya kazi katika chama hicho, Alberto Chipande, ndiye baadaye aliyeongoza shambulio la Chai. Wareno walikiona chama, wakakibana. Walijua kwamba mtu aliyezoea kuuliza juu ya mizani hatakawia kuuliza juu ya serikali. Tarehe 16 Juni 1960 watu walikusanyika Mueda kudai haki zao mbele ya gavana. Viongozi wao walikamatwa, umati ukapinga, askari wakafyatua risasi. FRELIMO ilisema waliouawa walizidi 500.

Mwezi Januari 1961 wakulima wa pamba wa Baixa de Kassanje, katika Angola, nao walichoma mbegu na kukataa kulima, wakapigwa kwa mabomu. Mwaka huohuo Ureno iliufuta ulimaji wa lazima. Ilikuwa imechelewa. Vijana walikwisha kuvuka Ruvuma, na Tanzania ikawapa nafasi ya kujiandaa Kongwa na Nachingwea. Hapa kwetu, tarehe 3 Februari 1969, Eduardo Mondlane aliuawa kwa bomu lililofichwa ndani ya kitabu.

Sasa twafika palipo pagumu. Nkavandame yule, baba wa ushirika wa Mueda, alikabidhiwa biashara ya maeneo yaliyokombolewa ya Cabo Delgado. FRELIMO ilimshutumu, yeye na wenyeviti wenzake, kwamba walijitajirisha kwa maduka ya watu. Mwaka 1969 alikimbilia kwa Wareno. Nasi tusicheke. Mwaka 1966 tume ya Rais ilichunguza vyama vyetu vya ushirika, ikakuta wizi wa fedha na uongozi mbaya. Mwaka 1976 vyama vikuu vilivunjwa, na mkulima akabaki na mnunuzi mmoja, mamlaka ya serikali, hadi sheria ya 1982 ilipovirudisha. Msumbiji nayo, ambayo vita vyake virefu vilikwisha mwaka 1992, ilirudi kuyagawia makampuni maeneo ya kununulia pamba. Viboko havikurudi, lakini mnunuzi mmoja katika eneo zima alirudi.

Fundisho ni moja. Pamba haina lawama. Ni zao kama mazao mengine. Iliyemtumikisha Mmakonde iliwasomesha watoto wa Msukuma. Tofauti ilikuwa ni nani anayepanga bei, nani anayeshika mizani, na nani anayeandika daftari. Mkoloni akiondoka, maswali hayo matatu hayaondoki pamoja naye. Humngoja atakayekalia kiti, awe mwenzetu au awe mgeni.

Kwa hiyo twawaambia wanachama wa vyama vya msingi katika Mkoa wa Simiyu, na wafanyakazi wa vinu vya kuchambua pamba: mkutano wa chama si mahali pa kutia saini posho na kuondoka. Hudhurieni. Ombeni hesabu zisomwe kwa sauti. Simameni karibu na mizani wakati wa kupima, hata kama mpimaji ni ndugu yenu, na zaidi sana akiwa ni ndugu yenu. Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Watu wa Mueda walikufa wakidai haki ambayo sisi tunayo, na ambayo hupotea kila tunapokosa kuhudhuria.