Barafu Isiyoonekana Juu ya Bawa

Asubuhi ya tarehe 27 Desemba 1991, ndege ya SAS aina ya MD-81 iliruka kutoka Arlanda, Stockholm. Muda mfupi tu baada ya kuacha ardhi, injini zake zote mbili zilizima. Zilikuwa zimemeza barafu iliyobanduka kwenye mabawa, kwani injini za ndege hiyo ziko nyuma, karibu na mkia. Marubani waliishusha shambani huko Gottröra, ikakatika vipande vitatu. Watu wote 129 walitoka hai.

Ajabu ni kwamba ndege hiyo ilikuwa imekwisha kumwagiwa dawa ya kuyeyusha barafu. Mafuta yaliyobaki ndani ya mabawa tangu safari ya jana yake yalikuwa baridi sana, na maji yaliyotua juu ya mabawa hayo yakaganda tabaka angavu kama kioo. Ukisimama chini huwezi kutofautisha bawa lililoloa na bawa lililoganda. Ndiyo maana fundi hupanda ngazi akalipapasa kwa kiganja, kwenye upepo mkali, tena hafiki kila mahali. Na haihitajiki barafu nene: Mamlaka ya Usafiri wa Anga ya Marekani inaonya kwamba ukwaruzo mfano wa msasa unaweza kupunguza nguvu ya bawa ya kuinua ndege kwa asilimia 30.

Hapo ndipo infraredi inapotufaa. Jicho hupokea mawimbi ya mwanga yenye urefu wa takribani maikromita 0.4 hadi 0.7, na barafu safi huyapitisha karibu yote. Ukienda mbele, kwenye infraredi, karibu na maikromita 1.5, barafu huunyonya mwanga kwa nguvu. Maji nayo hunyonya, ila kilele chake kiko pembeni kidogo, karibu 1.45. Kwa hiyo kamera hulipiga bawa picha katika mawimbi mawili, moja linalonyonywa sana na barafu na jingine lisilonyonywa sana, kisha kompyuta hupima uwiano wake, pikseli kwa pikseli. Kivuli na umbali huyaathiri mawimbi yote mawili karibu sawasawa, hivyo uwiano haubadiliki, lakini barafu huubadilisha. Penye barafu, skrini hupaka rangi. Kwangu mimi, uzuri wote wa kifaa hiki umo katika kulinganisha huko.

Hata hivyo kamera huona kile tu ilichoelekezewa, na theluji huendelea kuanguka baada ya ukaguzi. Tarehe 10 Machi 1989, huko Dryden, Kanada, abiria waliiona theluji juu ya mabawa ya Fokker F28 kabla haijaruka. Miongoni mwao walikuwamo marubani waliokuwa wakisafiri kama abiria. Habari haikumfikia nahodha. Ndege ikaanguka, na watu 24 kati ya 69 waliokuwamo walikufa.

Basi msomaji, ukisafiri kwenda Toronto au Oslo wakati wa baridi, ukaona theluji au barafu juu ya bawa na ndege inajiandaa kuruka, usione haya. Mwite mhudumu, umwombe amfikishie rubani habari hiyo papo hapo.